Seán MacBride: Wakili Aliyeitaka Dola Ijibu

Tarehe 1 Julai 1961, Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya ilitoa hukumu ya mwisho katika kesi yake ya kwanza kabisa. Mlalamikaji alikuwa kijana wa Ireland, Gerard Lawless, aliyewekwa kizuizini katika kambi ya kijeshi ya Curragh tangu Julai hadi Desemba 1957 bila kufunguliwa mashitaka. Aliyelalamikiwa ni serikali ya Ireland. Na wakili aliyelibeba shauri hilo kutoka Dublin hadi Strasbourg ni Seán MacBride, ambaye Novemba 1950, akiwa waziri wa mambo ya nje, alitia saini mjini Roma kwa niaba ya Ireland kwenye mkataba huohuo ambao sasa aliutumia kuibana serikali ya nchi yake. Lawless alishindwa. Majaji walikubali kwamba kumfungia mtu muda wote ule bila kumfikisha mbele ya hakimu ni kinyume cha mkataba, kisha wakasema Ireland ilikuwa na haki ya kuusimamisha wajibu huo kwa muda kwa sababu ya hali ya hatari. Lakini kabla ya kufika hapo iliwabidi kujibu swali lililotangulia: serikali ikitangaza kwamba kuna hatari, je, neno lake ndilo la mwisho? Walijibu kwamba sivyo, kwamba mahakama inayo mamlaka ya kuchunguza yenyewe kama hatari hiyo ipo. Mteja wa MacBride alipoteza kesi. Kanuni aliyoisimamia ilipata makao.

Maisha ya MacBride, aliyezaliwa Paris Januari 1904 na kufariki Dublin Januari 1988, kwa kawaida husimuliwa kama habari za mtu aliyeongoka. Mwaka 1936 alikuwa mnadhimu mkuu wa IRA, jeshi la siri lililokataa kuitambua serikali ya Dublin. Mwaka 1974 alipewa Tuzo ya Amani ya Nobel pamoja na Eisaku Sato wa Japani. Mahali fulani katikati msimulizi huweka siku ya toba, bunduki ikatua chini na vitabu vya sheria vikashikwa. Simulizi hilo linavutia, ila linaacha mengi bila maelezo. Halituambii kwa nini mtu aliyeongoka aliendelea kuwatetea wapiganaji wa IRA mahakamani kwa zaidi ya miaka ishirini baada ya kulihama jeshi lao, wala kwa nini waziri aliyesikilizwa Ulaya aliboronga nyumbani. Kwa maoni yangu, maelezo yanayokaa vizuri zaidi na ushahidi ni kwamba MacBride hakulibadili swali lake hata mara moja. Tangu akiwa na miaka kumi na minane aliuliza jambo lilelile: dola ikimkamata mtu na kumfungia, nani mwenye uwezo wa kuilazimisha itoe sababu? Kilichobadilika ni mahali alikolipeleka. Alianza na bunduki, akaenda mahakama za nchini, akaenda kwenye siasa za kura, mwisho akaenda kwenye mikataba ya kimataifa. Na kila alipohama, ni kwa sababu alikokuwa palikuwa pameziba.

Swali lenyewe hakulipata vitabuni. Baba yake, Meja John MacBride, aliyewahi kupigana upande wa Makaburu dhidi ya Waingereza huko Transvaal, alipigwa risasi Mei 1916 kwa kushiriki uasi wa Pasaka, baada ya kuhukumiwa na mahakama ya kijeshi iliyoketi faraghani. Mwana alikuwa na miaka kumi na miwili, akilelewa Ufaransa na mama yake, mwanaharakati Maud Gonne. Lakini tukio lenye uzito zaidi lilikuja miaka sita baadaye, na safari hii waliotoa amri hawakuwa Waingereza. Mkataba wa 1921 uliowapa Waairishi uhuru wenye mipaka uliwagawa wapigania uhuru wenyewe. MacBride aliukataa, akatekwa pamoja na waliokuwa wamejichimbia katika jengo la Four Courts mwishoni mwa Juni 1922, akatiwa gereza la Mountjoy katika chumba kimoja na Rory O'Connor. Alfajiri ya tarehe 8 Desemba askari walikuja kumchukua O'Connor. Yeye na wenzake watatu, Liam Mellows, Joe McKelvey na Dick Barrett, waliuawa asubuhi hiyo bila kesi ya aina yoyote, kulipiza kisasi cha mbunge Seán Hales aliyeuawa siku iliyotangulia, mauaji ambayo watu waliokuwa ndani tangu Juni hawangeweza kuyatenda. Miongoni mwa mawaziri walioidhinisha alikuwemo Kevin O'Higgins. O'Connor ndiye aliyekuwa mpambe wake siku ya harusi, mwaka mmoja tu kabla. Miaka mitano baadaye O'Higgins naye aliuawa kwa risasi, na MacBride akakamatwa na kuwekwa kizuizini ingawa siku ya mauaji hakuwepo nchini. Mtu asiyeyashika matukio haya hawezi kuelewa ung'ang'anizi wake wa baadaye. Alijifunza mapema kwamba dola changa, inayoongozwa na wazalendo waliotoka vitani pamoja, inaweza kumuua mfungwa kwa kura ya mezani, na kwamba uzalendo wa watawala haumkingi mfungwa hata kidogo.

Hapa lipo pingamizi la kwanza, nalo ni zito. Mtu aliyelia hivyo juu ya kuuawa bila kesi alibaki ndani ya IRA hadi katikati ya miaka ya 1930, tena kwenye ngazi za juu. Machi 1936 watu wa IRA walimwendea nyumbani kwake katika Kaunti ya Cork admirali mstaafu Henry Somerville wakampiga risasi mlangoni, kwa sababu aliwaandikia barua za utambulisho vijana waliotaka kazi katika jeshi la majini la Uingereza. Somerville hakupewa kesi zaidi ya aliyopewa O'Connor. MacBride alipanda kuwa mnadhimu mkuu baada ya mkuu aliyemtangulia, Moss Twomey, kukamatwa miezi michache baadaye, lakini cheo cha siku ile hakimwondolei mtu wajibu wa kundi aliloliongoza. Sioni namna ya kulipunguza jambo hili, na anayetaka kumchora kama mtakatifu wa haki za binadamu analazimika kuliruka. Hata hivyo halivunji hoja, linaionyesha ilipoanzia. Jeshi la siri nalo lilikuwa dola ndogo, likikamata, likihukumu na kuua bila kumjibu yeyote. Bunduki haikuweza kuwa jibu la swali la MacBride kwa kuwa ilizaa swali lilelile upya.

Mwaka 1937 alianza kazi ya uwakili, na katiba mpya ya Ireland ya mwaka huohuo ikampa chombo cha kufanyia kazi. Desemba 1939 alipata ushindi ambao ungetosha kumjengea jina wakili yeyote. Alimwombea mfungwa mmoja wa IRA, Séamus Burke, amri ya kumfikisha mbele ya jaji, na Jaji Gavan Duffy akaamua kwamba kifungu cha Sheria ya Makosa dhidi ya Dola kilichomruhusu waziri kumweka mtu kizuizini kilikwenda kinyume cha katiba. Wafungwa zaidi ya hamsini waliachiliwa. Lakini ushindi huo ulidumu wiki chache. Mwanzoni mwa 1940 Bunge lilipitisha sheria mpya yenye mamlaka yaleyale kwa maneno yaliyorekebishwa kidogo, ikapelekwa Mahakama Kuu ya Rufani kabla ya kusainiwa, ikapita. Mwaka 1941 katiba ikafanyiwa marekebisho: sheria iliyokwisha kupitishwa na majaji kwa njia hiyo isihojiwe tena na mahakama yoyote nchini, milele. Hilo la mwisho hutajwa mara chache, nami naliona ndilo kiini cha habari nzima. Mlango wa mahakama za Dublin haukufungwa tu, ulijengewa ukuta. Yeyote atakayewekwa kizuizini chini ya sheria ya 1940 asingekuwa na jaji wa kumwendea ndani ya mipaka ya Ireland kuuliza kama sheria yenyewe ni halali.

Vita vya Dunia vikaendelea, na MacBride akaendelea kuwatetea watu waliokuwa wakinyongwa na kufungwa na serikali ya Éamon de Valera. Mei 1946 Seán McCaughey alikufa katika gereza la Portlaoise baada ya kugoma kula na hatimaye kunywa. Alikuwa amekataa sare ya wahalifu, na kwa hiyo alikaa miaka zaidi ya minne akiwa amejifunika blanketi tu, muda mwingi akiwa peke yake. Kwenye uchunguzi wa kifo hicho MacBride alimhoji daktari wa gereza, akamfikisha mahali pa kukiri kwamba hata mbwa asingemweka katika hali ile. Magazeti yakaandika, watu wakasoma. Miezi miwili baadaye alianzisha chama cha Clann na Poblachta. Kwa hiyo hata kuingia kwake katika siasa za kura kulitoka gerezani: mahakama zilikuwa zimezibwa, na sasa alitaka kukaa pale sheria zinapotungwa.

Na hapo ndipo alipofanya vibaya kuliko mahali pengine popote. Uchaguzi wa Februari 1948 ulikipa chama chake viti kumi, na serikali ya mseto ikaundwa kumwondoa de Valera baada ya miaka kumi na sita. MacBride hakukubali kutumikia chini ya Richard Mulcahy, kiongozi wa Fine Gael, aliyekuwa mkuu wa jeshi wakati O'Connor na wenzake walipouawa. Ndiyo sababu uwaziri mkuu ulimwangukia John A. Costello. Serikali hiyo iliwaachilia wafungwa wa IRA waliosalia, ikaitangaza Ireland kuwa jamhuri kamili kuanzia Aprili 1949, na MacBride akajijengea heshima katika mikutano ya Ulaya. Lakini aliondoka madarakani mwaka 1951 na sheria ya kizuizini ya 1940 ikiwa bado hai, imelala tu kabatini. Miaka mitatu alikuwa kwenye baraza la mawaziri na hakuifuta. Kisha, Januari 1957, akiwa mbunge aliyekuwa akiiunga mkono serikali nyingine ya Costello, aliongoza hatua ya kuiangusha, kwa sehemu kwa sababu ya jinsi ilivyowashughulikia IRA. De Valera akarudi mwezi Machi, MacBride mwenyewe akapoteza kiti, na Julai mamlaka ya 1940 yakaamshwa. Kambi ya Curragh ikajaa. Lawless aliingizwa humo kwa sheria ambayo wakili wake alikuwa na nafasi ya kuiua.

Wengi wanaomlaumu kwa kipindi hiki hawataji sheria hiyo; hutaja kisa cha Dakta Noël Browne, nao wana haki. Browne, waziri wa afya kutoka chama hichohicho, kijana aliyefiwa na wazazi kwa kifua kikuu na akaendesha kampeni kali dhidi ya ugonjwa huo, alileta mpango wa matibabu ya bure kwa kina mama na watoto hadi miaka kumi na sita, bila kuuliza nani anacho na nani hana. Chama cha madaktari kilipinga kwa ajili ya mapato yao. Maaskofu Wakatoliki, Askofu Mkuu John Charles McQuaid wa Dublin akiwa mbele, walipinga wakisema dola inaingilia familia na maadili. Aprili 1951 MacBride alimtaka Browne ajiuzulu. Browne alijiuzulu, akayapa magazeti barua zote zilizokuwa zimeandikwa kati ya serikali na maaskofu, na nchi nzima ikaona nani alikuwa akitawala. Uchaguzi uliofuata Clann na Poblachta ilipata viti viwili. Wanaosema MacBride alimtoa kafara waziri wake bora kwa hofu ya maaskofu wanasema kweli. Naongeza tu kwamba kisa hiki na kile cha sheria ya kizuizini vina mzizi mmoja. Fikra zake zote zilielekea mtu aliye mikononi mwa dola, akitafuta wa kumwokoa nayo. Mama maskini aliyehitaji dola imjie na daktari hakuwemo katika picha hiyo, na MacBride alipopewa dola aiendeshe hakujua aifanyie nini.

Ndiyo maana nasema saini ya Roma ina thamani kuliko kazi yake nyingine yote ya uwaziri. Mkataba wa Ulaya wa Haki za Binadamu uliweka kitu ambacho mabunge hayakuwa na haraka nacho: uwezekano wa mtu mmoja, bila ubalozi wala jeshi, kuipeleka serikali yake mbele ya wageni. Kwa makusudi serikali nyingi zililifanya jambo hilo kuwa hiari. Ireland iliukubali mfumo mzima mapema, mwaka 1953. Uingereza iliutandaza mkataba hadi makoloni yake mwaka huohuo, Kenya ikiwemo, lakini haikukubali malalamiko ya mtu mmojammoja hadi 1966. Maelfu waliojazwa kwenye kambi za kizuizini za Kenya wakati wa vita vya Mau Mau walikuwa na haki kwenye karatasi isiyokuwa na pa kuipelekea. Lawless alikuwa napo. Mahakama za Dublin zilimkatalia, zikasema mkataba wa Ulaya si sehemu ya sheria za nchi, na ukuta wa 1941 ukafanya kazi yake. MacBride akavuka juu yake. Kwamba Lawless kweli alikuwa mtu wa IRA, kama serikali ilivyosisitiza, hakukuidhoofisha kesi. Mtu asiyeshukiwa kitu hatumiki kupima sheria ya kizuizini; hupimwa kwa yule ambaye majirani zake wangefurahi akibaki ndani.

Kazi zake zilizofuata ziliendeleza njia hiyohiyo. Alikuwa miongoni mwa waliokusanyika na Peter Benenson mwaka 1961 kuanzisha Amnesty International, akawa mwenyekiti wa kamati yake ya kimataifa hadi 1974. Tangu 1963 hadi 1970 alikuwa katibu mkuu wa Tume ya Kimataifa ya Wanasheria, Geneva. Tume hiyo ndiyo iliyoandaa mkutano wa wanasheria wa Afrika Lagos, Januari 1961, ulioomba bara hili liwe na mkataba wake wa haki na mahakama ambayo mtu yeyote chini ya himaya za nchi zitakazosaini angeweza kuiendea. Mkataba ulipatikana Nairobi Juni 1981. Mahakama ilipatikana, ikaketi Arusha, lakini mtu kuifikia moja kwa moja kumeachwa kwa hiari ya serikali, na Rwanda mwaka 2016 na Tanzania mwaka 2019 ziliiondoa ridhaa ziliyokuwa zimeitoa. Mabishano ya Ulaya ya 1950 ndiyo mabishano ya Arusha ya leo, kwa hoja zilezile za usalama na za mamlaka ya taifa.

Yapo mapingamizi mengine mawili ambayo hayastahili kupitwa. La kwanza ni kwamba jicho lake lilikuwa moja: alikubali Tuzo ya Amani ya Lenin kutoka Moscow mwaka 1977, dola iliyokuwa na wafungwa wa dhamiri wasiohesabika. Ni kweli, na Amnesty aliyokuwa ameiongoza ilikuwa na majalada ya watu hao. Ni kweli pia kwamba mwaka 1967 ilifichuka kuwa Tume ya Kimataifa ya Wanasheria iliwahi kulishwa fedha zilizotoka CIA. Kutoka pande zote mbili za Vita Baridi walimtaka mtu mwenye jina lake. Kupokea tuzo ile kulikuwa kosa, kwa sababu mfungwa wa kambi za Kisovieti za Perm alistahili kuona kwamba mtetezi wake hasimami jukwaani na askari magereza.

Pingamizi la pili linahusu ripoti ya tume ya UNESCO aliyoiongoza kati ya 1977 na 1980, ikiwa na wajumbe kama Gabriel García Márquez na Elebe ma Ekonzo wa Zaire, kuhusu ukosefu wa usawa katika upashanaji habari duniani. Marekani na Uingereza zilijitoa UNESCO miaka ya 1984 na 1985, na mjadala huu ukiwa sehemu ya sababu zao. Ikasemwa kwamba ripoti iliwapa watawala wa kiimla kisingizio cha kuyabana magazeti. Walioisema hawakukosa kabisa, maana watawala hao walikuwepo, na Mobutu, mtawala wa Zaire, hakuhitaji kufundishwa. Lakini ripoti yenyewe iliuona mpango wa kuwapa waandishi leseni kuwa ni hatari kwa uhuru. Kosa lake lilikuwa jingine: ilidhani serikali zinazolalamika juu ya nguvu za mashirika ya habari ya nje zitakubali nazo kuhojiwa na magazeti ya nyumbani. MacBride, ambaye maisha yake yote yalimfundisha kinyume, alipaswa kuwa wa kwanza kutia shaka.

Namibia ndiko alikopata kesi iliyolingana naye sawasawa. Umoja wa Mataifa ulikuwa umeifutia Afrika Kusini mamlaka juu ya nchi hiyo mwaka 1966, na Mahakama ya Kimataifa ya Haki ikathibitisha mwaka 1971 kwamba kukaa kwake huko ni haramu. Hii haikuwa tena dola halali iliyofanya jambo haramu. Dola yenyewe haikuwa na haki ya kuwepo pale. Akiwa Kamishna wa Umoja wa Mataifa wa Namibia tangu mwanzoni mwa 1974, mtoto wa mtu aliyewapigania Makaburu alitafuta silaha ya kisheria dhidi ya wajukuu zao. Septemba 1974 Baraza la Namibia la Umoja wa Mataifa lilipitisha Amri Namba 1: hakuna kuchimba, kuchukua wala kusafirisha mali asili ya Namibia bila idhini ya Baraza, na shehena itakayotolewa bila idhini yaweza kukamatwa. Wakosoaji husema amri hiyo haikuzuia chochote, na ni kweli kwamba urani ya mgodi wa Rössing iliendelea kwenda kwa wanunuzi. Lakini makampuni yalianza kuhesabu hatari ya kushitakiwa, na mwaka 1987 Baraza liliipeleka kampuni ya Urenco mahakamani Uholanzi kwa amri hiyo. Tena, kesi isiyoshinda papo hapo, ikimlazimisha mwenye nguvu ajieleze.

Kazi nyingine ya kipindi hicho haina makelele, nayo naithamini zaidi. Chama cha SWAPO, ambacho ofisi zake za uhamishoni zilianzia Dar es Salaam, kilikuwa na wapiganaji na wanadiplomasia, bali kilikuwa na wachache mno wa kuendesha wizara na mahakama. MacBride alishughulika kupatikana kwa Taasisi ya Umoja wa Mataifa ya Namibia, iliyofunguliwa Lusaka Agosti 1976, kuwafundisha Wanamibia kazi za serikali kabla serikali haijawepo. Mkurugenzi wake alikuwa Hage Geingob, na ndiye aliyekuja kuwa mwenyekiti wa Bunge la Katiba baada ya uchaguzi wa Novemba 1989. SWAPO ilifika hapo ikiwa na doa lake, maana iliwafungia wanachama wake wenyewe katika mashimo ya Lubango, Angola, bila kesi, kwa tuhuma za ujasusi. Katiba iliyotoka katika bunge hilo, na kuanza kazi tarehe 21 Machi 1990, inaruhusu kizuizini wakati wa hali ya hatari. Inaamuru pia kwamba jina la kila aliyewekwa ndani litangazwe katika Gazeti la Serikali ndani ya siku kumi na nne, na kwamba ndani ya mwezi mmoja jambo lake lipitiwe na bodi yenye uwezo wa kuamuru aachiliwe.